Siku Nilipopelekwa Namibia Bila Kutoka Kabeza

Nianze na kazi yangu, maana ndiyo iliyonitia matatani. Nilikuwa mrusha mpira wa kriketi. Nasema "nilikuwa" kwa sababu bega langu la kulia sasa linalalamika kila nikianika shuka. Kabla halijaanza kulalamika lilichezea nchi tatu, Uganda, Tanzania na Rwanda, na kama kuna mtu anataka kuniuliza kwa nini sikutulia mahali pamoja, ajue ukoo mzima umeshamtangulia.

Nilizaliwa Uganda, upande wa Mbarara, kwa wazazi Wanyarwanda waliopelekwa huko ukimbizini wakiwa watoto. Wenzetu waliporudi Rwanda, baba alisema tungoje kwanza mihogo ikomae. Mihogo hiyo tuliingoja mpaka nikamaliza shule ya msingi. Nikapelekwa shule ya bweni, na huko ndiko kriketi ilikonikuta, tena kwa sababu ya mandazi. Mandazi ya shule ile yalikuwa magumu kiasi kwamba hukuyala, uliyatumia. Siku moja nilimrushia rafiki yangu andazi kutoka dirisha la jikoni, akiwa mwisho wa foleni, likampita sikioni likagonga kengele ya shule. Watu wakatoka madarasani wakidhani ni mapumziko. Mwalimu wa michezo alinikamata mkono, akaugeuza huku na huku kama mtu anayenunua samaki, akasema, "Wewe huendi kuchapwa. Wewe unakwenda uwanjani."

Kwa asiyeijua kriketi, ni hivi. Mtu anasimama na gongo mbele ya vijiti vitatu. Wewe unakuja unakimbia, unamrushia mpira mgumu, mkono umenyooka, ukivitafuta vile vijiti. Yeye anavilinda. Mnafanya hivyo mpaka chakula cha mchana, mnakula, mnarudi mnaendelea. Ndiyo yote. Shangazi yangu alinitazama siku moja tangu asubuhi hadi jioni, akaniuliza, "Sasa mtaanza saa ngapi?"

Uganda ilinivika jezi nikiwa bado na chunusi. Halafu baba akafariki, mama akahamia Dar es Salaam kwa biashara ya vitenge, nami nikamfuata. Nikakaa, nikafanya kazi, nikajaza makaratasi, muda unaotakiwa ukapita, Tanzania nayo ikanivika jezi. Mechi ya kwanza nikapangiwa na nani? Uganda! Nahodha wangu wa zamani alinijua mpaka ninavyovuta pumzi. Kila nikianza kukimbia anawapigia kelele wapigaji wake kwa Kiganda, "Huu utakuwa wa polepole!" Mama wee, kwani Kiganda nilikuwa nimekiacha mpakani? Nikawa nasikia kila kitu, nabadilisha njiani. Akisema polepole, natupa wa kasi. Akisema wa kasi, natupa wa polepole. Alipogundua alicheka mpaka akakaa chini kwenye nyasi, halafu akanitukana kwa Kinyankole, na hicho pia nakijua.

Mwisho mama akarudi Kigali, nami nikarudi, kama mtu anaweza kurudi mahali ambapo hajawahi kufika. Nikapanga chumba Kicukiro, nikaanza upya kungoja muda wangu, na Rwanda ikawa jezi ya tatu. Hapa ndipo kwetu, lakini kwetu ndiko nilikoitwa mgeni kuliko kote. Kinyarwanda changu kilikuwa cha jikoni tu. Nikiingia duka la Remera na kuomba chumvi, muuzaji ananijibu kwa Kiswahili, "Dada, weye uko wa Tanzania?" Nikisema hapana, anasema, "Basi wa Uganda." Wachezaji wenzangu waliniita Umoja wa Afrika. Nilikasirika siku mbili tatu, nikazoea.

Kilichoniuma ni kingine, nikiseme wazi. Kila nchi ilinipa jezi ikaninyang'anya mtu. Mchumba wangu wa Kampala aliniambia nichague, yeye au mpira. Nikamwomba anipe mpaka jioni maana asubuhi hiyo nilikuwa na mechi, na jioni niliporudi alikuwa ameshachagua kwa niaba yangu. Yule wa Dar aliapa kunisubiri hata miaka kumi. Nilipofika Kigali, sijamaliza hata kufungua masanduku, nikaona picha za harusi yake. Shangazi akanipigia hesabu kwa sauti mbele ya wageni: "Mtembezi hula miguu yake, mwanangu. Weye umeshakula mmoja na nusu."

Kisha akaja daktari wa ng'ombe.

Tulijuana Dar, siku ng'ombe mmoja alipoingia uwanjani akalala katikati, pale pale panaporushwa mpira, akakataa kuinuka. Akaitwa daktari. Alikuwa Msukuma wa Mwanza, mpole, anazungumza na ng'ombe kwa adabu kuliko ninavyozungumza na mwamuzi. Akamnong'oneza yule ng'ombe, ng'ombe akainuka. Yeye mwenyewe hakuondoka. Akakaa kivulini mpaka mwisho wa mechi, akanifuata na kuniuliza, "Samahani, dada, nani ameshinda?" Nikamwambia ni sisi. Akasema, "Hongereni. Mimi sijaelewa hata kidogo, ila umenifurahisha." Miezi kadhaa baada ya mimi kuhamia Kigali, naye akatokea Kicukiro na begi moja. Amepata kazi ya kutibu ng'ombe wa maziwa, anasema. "Umenifuata?" nikamuuliza. "Nimefuata ng'ombe," akajibu. "Usijidai." Tukawa tunacheka, lakini usiku nilijiuliza. Mtu aliyefuata ng'ombe, ng'ombe wakihama naye anahama. Nami nilikuwa nimechoka kuachwa. Nilimtaka huyu, nilimtaka hasa, na nilikuwa naogopa.

Alipokubali kunioa, mambo yakaingia mikononi mwa wakubwa, na wakubwa wakayaharibu.

Hapa kwetu kuna sherehe ya kuposa inayoitwa gusaba. Mahema mawili yanatazamana, upande wa bwana arusi na upande wa bibi arusi, kila upande una msemaji wake na kipaza sauti. Bwana arusi mwenyewe anasubiri nje, ndani ya gari, shuka la arusi begani na fimbo mkononi, mpaka aitwe. Bibi arusi amefichwa chumbani mpaka aitwe. Wanaozungumza ni wale wasemaji, na kazi yao ni kutaniana. Wageni wakiomba binti, wenyeji lazima wakatae kwanza. Watasema binti ameingia utawa, au ameshaposwa na mwingine. Ni uongo mtupu, kila mtu anajua ni uongo, na uzuri wa sherehe uko humo. Wageni wanabembeleza, wanatoa mistari, wanatoa kreti ya soda kama faini, wenyeji wanalainika, watu wanakula.

Msemaji wetu alikuwa baba mdogo, mwenye duka na mwenye nyumba ya sherehe hapa Kabeza, mtaa wa Kigali, mtu ambaye hawezi kukuuzia kiberiti bila kukusimulia hadithi. Upande wa pili, tuliwaambia wakodi msemaji wa Kigali anayeujua mchezo. Baba mkubwa wa mchumba wangu akakataa. Alikuwa mwalimu mkuu mstaafu kutoka Mwanza, mtu wa kengele na ratiba. "Nikodi mdomo wa nini," alisema, "na wangu bado una meno?" Mchumba wangu alidhani mimi nimemweleza mzee. Mimi nilidhani yeye amemweleza. Asiyejua maana haambiwi maana, na mzee wa watu hakuambiwa.

Kwa heshima ya wageni, sherehe ikaendeshwa kwa Kiswahili. Mimi niko chumbani, nimevikwa umushanana, lile vazi letu la kufungwa begani, nimepakwa poda mpaka kwenye masikio. Simu yangu imechukuliwa na shangazi, ambaye ameketi mlangoni kwenye kiti, goti moja huku na jingine kule. Kwa dirisha nawaona nusu, kwa spika nawasikia wote.

Baba mkubwa akaomba vizuri sana. Akataja ukoo wao, ng'ombe wao, kanisa lao. Akasema wamekuja kuomba jiko. Baba mdogo akasimama, akakohoa, nikajua leo ameazimia kung'ara.

"Wageni wetu, mumekuja, tumefurahi sana," akasema. "Lakini huyu mutoto munatafuta, haiko."

Watu wetu wakaanza kucheka chini chini.

"Munajua kazi yake. Uganda ilimuita, akaenda. Tanzania ilimuita, akaenda. Rwanda ilimuita, akakuja. Sasa leo asubuhi Namibia imemuita. Imemuletea jezi, imemuletea na tiketi. Tungefanya nini? Tumemusindikiza hapo uwanja wa ndege, si mbali."

Upande wetu wakaangua kicheko. Mimi mwenyewe nilicheka, Mungu anisamehe, maana ulikuwa utani mzuri, umekatwa kwa kipimo changu. Upande wa pili, hata watoto wao wameacha kutafuna.

Baba mkubwa akavua miwani. "Ndege ya saa ngapi?"

"Saa tisa."

"Na sasa ni saa nane na nusu." Akavaa miwani. "Haiwezekani arudishwe?"

"Akishavaa jezi?" baba mdogo akasema. "Ayiii! Huyo harudi."

Mzee akainama akanong'ona na wenzake. Nikaacha kucheka. Nilimwona shemeji mmoja akifuta macho. Kisha baba mkubwa akasimama wima kama siku ya kufunga shule, akasema maneno ambayo nikifa nitakuwa nayakumbuka: "Wazee wangu, tunawashukuru kwa ukweli wenu. Wengine wangetuficha, wangetulisha, tukaondoka bila kujua. Mungu awabariki sana. Jamani, tuinuke."

Wakainuka. Wote. Hema letu likapiga makofi! Baba mdogo alipiga makofi kuliko wote. "Huyu muzee ni hatari!" alisema kwenye kipaza sauti. "Munaona vile anaigiza?" Wageni wakabeba vikapu vyao, wakabeba kreti zao, akina mama wakakunja vitenge vyao, na kadiri walivyobeba ndivyo upande wetu ulivyozidi kushangilia. Mtu mmoja akapiga vigelegele. Mpiga muziki akawawekea na wimbo wa kuwasindikiza.

"Shangazi," nikasema, "wanaondoka."

"Ni mchezo. Kaa."

"Shangazi, wanaondoka kweli! Huyo mzee hajui!"

"Bibi arusi hatoki mpaka aitwe."

"Aitwe na nani? Aitwe na Namibia?"

Hapo tukasikia injini ya Coaster iliyowaleta wageni ikiwaka. Makofi yakapungua, yakafa. Kwenye spika baba mdogo akasema polepole, "Yewe, tumekwisha." Shangazi akageuza shingo kusikiliza, nami nikaliruka goti lake.

Nilitokea jikoni. Wapishi walikuwa wanamenya viazi, nikachukua kimoja bila kujua nakichukulia nini, mkono ndio uliojichukulia. Coaster ilikuwa inajaribu kutoka kinyumenyume bila kugonga ule upinde wa maua tuliokodi, ikafanikiwa, ikaanza kushika barabara. Nikapiga kelele, muziki ukanimeza. Basi nikaikunja nguo yangu, nikakimbia hatua zangu zile zile za uwanjani, mkono umenyooka, nikakiachia kiazi. Kwenye kriketi mpira hudunda kwanza. Kiazi hakijui sheria hiyo. Kilikwenda moja kwa moja, paa! mlango wa nyuma. Coaster ikasimama.

Baba mkubwa akashuka, akakiokota kile kiazi, akakitazama, akanitazama.

"Nani amerusha hiki?"

"Mimi, baba. Shikamoo."

"Marahaba. Wewe si uko angani?"

Nikamweleza huku nahema. Nikamwambia ni mila, lazima wakatae kwanza, ni utani. Akanisikiliza mpaka mwisho, maana ni mwalimu.

"Yaani mzee yule amesimama mbele ya watu, mbele ya mchungaji wetu wa kanisa, akanidanganya?"

"Ndiyo, baba. Kwa heshima."

"Na walipokuwa wananipigia makofi?"

"Walidhani unaigiza."

Akafikiri. "Walisema naigiza vizuri?"

"Walisema ni hatari."

Ikaonekana hilo limemgusa mahali pazuri. Akawaamuru watu wake washushe vikapu, kisha akageukia ile gari ya bwana arusi iliyoegeshwa karibu na lango. Nami nikageuka. Mlango uko wazi na ndani hamna mtu. Simu yake iko kwenye kiti, inalia, maana lile vazi la arusi halina mfuko. Dereva akasema, "Alisikia kwenye spika binti ameenda. Alishuka, akasimamisha moto, akapanda." Moto ndiyo bodaboda ya hapa kwetu.

"Kwenda wapi?"

"Hakusema."

Nilikaa chini kwenye mawe ya barabara, na lile vazi lote. Watatu sasa. Sikuona aibu ya watu, niliona uchovu tu. Nikajiambia, bila shaka, angefanya nini? Mtu amevumilia, amejieleza kwa ukoo wake, leo anasikia kwenye spika kwamba ameachwa kama ng'ombe mbovu. Hata mimi ningepanda moto. Baba mkubwa akasimama karibu yangu, hajui aweke wapi kile kiazi.

Mwenye moto mmoja pale njia panda ndiye aliyesema. "Yule wa fimbo? Amepita na mwenzangu. Iko anaenda Kanombe, uwanja wa ndege."

Uwanja wa ndege! Ina maana anarudi kwao leo leo, hataki hata kupitia nyumbani kwake Kicukiro kuchukua nguo. Nikapanda moto ile nikiwa na kofia ya abiria juu ya zile nywele zilizosukwa asubuhi nzima. Kutoka Kabeza si mbali, lakini nililia njia nzima, nimemlalia dereva begani, na kila akigeuka ile poda ikamwingia mdomoni, masikini, akawa anatema tu na kuniambia, "Pole, dada, pole."

Pale langoni wanapokagua watu, nilimwona kabla hajaniona. Mchumba wangu, begani shuka la arusi, kichwani bado kofia ya moto aliyosahau kuirudisha, mkononi fimbo ya bwana arusi, anabishana na askari.

"Patron, hii fimbo haiwezi kuingia," askari anasema.

"Basi ishike wewe, mimi niingie."

"Uko unasafiri?"

"Ndiyo."

"Pasipoti iko wapi?"

"Italetwa."

"Tiketi?"

"Ndiyo naenda kununua."

"Mzigo?"

"Sina mzigo. Ndugu yangu, ndege inaondoka saa tisa."

"Ya wapi?"

"Nchi nimeisahau njiani. Iko huko kusini. Wanacheza kriketi." Akamsogelea askari kama anavyowasogelea ng'ombe wake. "Mke wangu yumo. Nataka tu kiti, popote, hata nyuma."

Nilikuwa nimesimama nyuma yake. Nikamgusa bega. Akageuka, akanitazama toka kichwani mpaka miguuni, nguo imechanika, kiatu kimoja kimebaki Kabeza, na badala ya kufurahi akakasirika! Sijawahi kumwona amekasirika namna ile, hata ng'ombe alipomkanyaga.

"Kumbe hujapanda!" akasema. "Kwa nini hukuniambia jana? Eh? Jana tulikuwa pamoja mpaka jioni. Ungeniambia tu, ningefunga hata begi. Ona sasa ninavyosafiri!"

"Siendi popote," nikasema. "Ni baba mdogo, ni utani..."

Hakuwa ananisikia. Alikuwa anatazama saa kubwa iliyo juu ya lango, anapiga hesabu zake, huku anajifunga vizuri lile shuka begani.

"Na huko," akaniuliza, "kuna baridi?"

Nchi tatu nimezichezea. Kila moja, kabla ya kunipa jezi, iliniuliza mimi ni wa nani, nimekaa muda gani, nitakaa mpaka lini. Huyu ameuliza baridi tu. Nikamshika yule bwana kwa mikono yote miwili, na kofia yake ya moto, na fimbo yake, nikalia kwa sauti mbele ya askari, nikamwambia sijui, sijawahi kufika.